Mkemia wa Rothamsted na neti ya Kisongo

Arusha ina barabara za Sokoine, Boma, Goliondoi, Makongoro na Moshono. Sijawahi kuona kibao hata kimoja chenye jina la Michael Elliott, na sitegemei kukiona. Sina kumbukumbu wala maandishi yanayoonyesha kwamba mtu huyu aliwahi kukanyaga Meru. Maisha yake yote ya kazi yalipita kwenye kituo cha utafiti wa kilimo kiitwacho Rothamsted, nje ya mji mdogo wa Harpenden, kaskazini ya London. Hata hivyo, ukiishi kati ya Ngaramtoni na Kisongo, kazi ya mikono yake imekuzunguka pande zote. Imo kwenye neti uliyolalia jana, kwenye kopo la dawa ya mende, kwenye josho la ng'ombe na kwenye pampu ya mgongoni ya mkulima wa nyanya.

Nimekuwa nikiandika habari za kilimo na afya kwa miaka kadhaa sasa, na jina hili nililipata kwa njia ya nyuma kabisa. Nilikuwa nafuatilia habari ya pareto, nikitaka kujua ni nini kililiua zao lile huku kwetu kaskazini. Majibu ya mtaani yalikuwa mengi: bei, vyama vya ushirika, serikali, uvivu wa vijana. Kila jibu lina ukweli wake kidogo. Lakini chini ya majibu yote hayo kuna maabara, na ndani ya maabara kuna mkemia.

Hebu tuanze na ua lenyewe.

Pareto ni ua jeupe lenye kitovu cha njano. Asili yake ni Dalmatia, pwani ya Kroatia ya leo. Wajapani walililima kwa wingi kabla ya Vita Kuu ya Pili, na Kenya ilianza kulilima mwishoni mwa miaka ya 1920. Vita ilipofika Pasifiki mwaka 1941 pareto ya Japani haikufika tena kwa Waingereza na Wamarekani, wakati majeshi yao yalihitaji dawa ya chawa na mbu kuliko wakati mwingine wowote. Basi macho yakageukia Afrika Mashariki. Kenya ikawa mzalishaji mkubwa kuliko wote duniani, na Tanganyika ikafuata kwa nyuma, hasa kwenye nyanda za juu za Iringa, Njombe na Mbeya, na huku kaskazini kwenye miinuko ya Meru na Kilimanjaro.

Zao hili linataka baridi. Bila usiku wa baridi mmea unanenepa majani tu, hautoi maua ya maana. Ndiyo maana lilikaa juu ya mstari wa kahawa, mahali ambapo migomba inaanza kukata tamaa na ukungu unashuka saa kumi jioni. Maua huchumwa kwa mkono, moja moja, kila baada ya wiki mbili hivi, kisha hukaushwa. Sumu yake haiko kwenye zile petali nyeupe. Imejificha kwenye vimbegu vidogo vya katikati ya ua, na hata huko ni kidogo mno: kwenye kilo mia moja za maua makavu mazuri unapata kilo moja na nusu, labda mbili, za pairethrini.

Bibi yangu mzaa baba alichuma pareto akiwa mama mdogo. "Ua lilikuwa halina uzito, mjukuu wangu," aliniambia. "Unachuma kutwa, ukikausha, gunia zima unalibeba kwa mkono mmoja." Anakumbuka pia harufu ile nzito iliyobaki kwenye vidole, kupiga chafya usiku, na kwamba kwenye nyumba iliyokaushiwa maua hakukuwa na kiroboto. Hiyo ya mwisho ndiyo kemia yote kwa ufupi.

Pairethrini hushambulia mishipa ya fahamu ya mdudu. Kila mshipa una vijia vidogo vya kupitisha chumvi ya sodiamu, vinavyofunguka na kujifunga mara moja kila taarifa inapopita. Pairethrini huvizuia visijifunge. Mshipa unaendelea kupiga kelele bila kukoma, mdudu anatetemeka, anaanguka, anakufa. Mwili wa binadamu una joto zaidi, ni mkubwa zaidi, na una vimeng'enya vinavyoivunjavunja sumu hiyo haraka, kwa hiyo sisi tunapiga chafya tu. Ni dawa nzuri ajabu, ila ina ugonjwa mmoja: jua. Ukiinyunyiza asubuhi shambani, mwanga utakuwa umeshaiharibu kabla ya jioni. Ndani ya nyumba inafaa. Shambani, au kwenye kitu kinachotakiwa kudumu miezi, haifai.

Wakemia walijua tatizo hili mapema. Hermann Staudinger na Leopold Ružička walitumia miaka ya kati ya 1910 na 1916 wakijaribu kuifungua molekuli ya pareto wajue imeundwaje. Matokeo yao waliyachapisha mwaka 1924. Wote wawili walikuja kupata Tuzo ya Nobel baadaye kwa kazi nyingine. Waligundua kwamba molekuli ile ni vipande viwili vilivyounganishwa: upande mmoja asidi, upande mwingine alkoholi. Ukishajua hivyo, swali linakuja lenyewe: je, unaweza kung'oa kipande kimoja ukaweka kingine, sumu ikabaki, ugonjwa wa jua ukaondoka?

Mwaka huohuo wa 1924, tarehe 30 Septemba, Michael Elliott alizaliwa London.

Alisomea kemia Southampton, kisha King's College London, akiwa chini ya Stanley Harper, mwalimu aliyekuwa akizichunguza pairethrini hizohizo. Mwaka 1948 akaajiriwa Rothamsted, kituo kilichoanzishwa mwaka 1843 na ambacho hujulikana kama kikongwe kuliko vituo vyote vya utafiti wa kilimo duniani. Aliingia idara ya viuadudu na viuakuvu iliyoongozwa na Charles Potter. Na hapo akabaki mpaka 1983. Miaka 35, mwajiri mmoja, swali moja.

Lazima tukumbuke mwaka 1948 ulikuwaje. Ni mwaka ambao Paul Müller wa Uswisi alipewa Nobel kwa sababu ya DDT. Dunia iliamini vita dhidi ya wadudu imekwisha. DDT ilikuwa rahisi kutengeneza, bei chee, na ilidumu ukutani miezi. Mtu anayehangaika na ua la Dalmatia wakati huo alionekana kama fundi anayetengeneza mikokoteni siku ambayo magari yameingia mjini. Potter na vijana wake waliendelea hivyohivyo. Walikuwa na hoja: DDT haivunjiki, inabaki kwenye udongo na kwenye mafuta ya wanyama, na nzi walikuwa wameshaanza kuizoea.

Kazi ya Elliott, ukiisoma leo, haina mbwembwe. Hakuna usiku wa ufunuo. Alibadilisha kipande kimoja cha molekuli, akawapa wenzake waipime kwa nzi wa nyumbani na mende wadogo wa haradali, wakahesabu waliokufa, akabadilisha kingine. Norman Janes na David Pulman walikuwa naye kwenye kemia; Andrew Farnham na Paul Needham walikuwa upande wa wadudu. Huu ushirikiano wa mkemia na mtu wa wadudu chini ya paa moja ndio uliowapa mwendo. Mkemia hakusubiri barua kutoka mji mwingine kujua kama molekuli yake inaua. Alivuka korido.

Mwaka 1967 walitoa bioresmethrini. Iliua nzi kuliko pareto yenyewe, na kwa wanyama wenye damu ya moto ilikuwa salama zaidi kuliko pareto. Ilikuwa ajabu, kwa sababu mpaka hapo wengi waliamini asili haiwezi kupitwa. Lakini jua liliishinda na hiyo pia. Kiungo kimoja ndani yake, kiitwacho furani, kilikuwa hakistahimili mwanga.

Ikabidi kiondoke. Upande wa alkoholi wakaweka kiungo kigumu zaidi, aina ambayo wakemia wa kampuni ya Sumitomo huko Japani nao walikuwa wanaifanyia kazi. Upande wa asidi wakatoa vikundi viwili vyepesi vilivyokuwa vikiliwa na mwanga wakaweka klorini mahali pake, wazo ambalo wakemia wa Czechoslovakia walikuwa wameshaligusa mwaka 1958 lakini halikwenda mbali. Vipande vyote viwili vilikuwa mezani kwa watu wengine. Rothamsted ndiko vilikokutanishwa. Matokeo yakaitwa permethrini, yakatangazwa kwenye jarida la Nature mwaka 1973. Mwaka uliofuata ikaja deltamethrini, kali kuliko kiuadudu chochote kilichokuwa kinajulikana kabla yake. Kati ya hizo mbili kuna sipermethrini, ambayo wafugaji na wakulima wetu wanaijua vizuri kwa majina mbalimbali ya dukani.

Hataza zilikuwa mikononi mwa shirika la umma la Uingereza, NRDC, na ndiyo maana permethrini mwanzoni iliitwa NRDC 143 na deltamethrini NRDC 161. Utafiti uligharimiwa na umma, kampuni binafsi zikanunua leseni, bidhaa zikasambaa dunia nzima. Elliott alichaguliwa kuwa mwanachama wa Royal Society mwaka 1979, na mwaka 1989 akapewa Tuzo ya Wolf ya kilimo. Alifariki Oktoba 2007, akiwa na miaka 83.

Hayo ni ya Uingereza. Sasa turudi nyumbani.

Ukitoka Arusha kwa barabara ya Namanga, kilomita chache tu, unafika Ngaramtoni. Pale kuna taasisi ambayo wazee bado wanaiita TPRI. Ilianza Entebbe mwaka 1945 kama kitengo cha kikoloni cha utafiti wa viuadudu, ikahamishiwa Arusha, mwaka 1962 ikapewa jina la Tropical Pesticides Research Institute na kuwa ya nchi zote za Afrika Mashariki. Jumuiya ilipovunjika 1977, ilibaki upande wetu, na mwaka 1979 Bunge likaitungia sheria yake. Sheria ya Afya ya Mimea ya mwaka 2020 ikaiingiza kwenye Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania, TPHPA, yenye makao yake palepale Ngaramtoni.

Kwenye hadithi ya Elliott, Ngaramtoni ina nafasi ambayo haitajwi sana. Molekuli inayoua nzi kwenye chupa Harpenden bado haijathibitisha chochote kuhusu mbu wa Magugu. Mbu anaingia ndani usiku, anauma, anapumzika ukutani, anatoka. Utajuaje dawa imemuua, imemfukuza, au imemkosa? Miaka ya 1960 mwanasayansi wa TPRI, Alec Smith, alitengeneza kibanda maalumu cha majaribio chenye vibaraza vya kunasia. Mtu analala ndani, mbu anaingia kwa kupenda mwenyewe, na akitaka kutoka ananaswa kibarazani. Asubuhi unahesabu: waliokufa, walio hai, walioshiba, wenye njaa. Kibanda cha mtindo huo, chenye marekebisho, bado kinatumika kupima neti na dawa za ukutani, na vitabu vya fani hiyo vinakiita kibanda cha Afrika Mashariki.

Vibanda vya namna hiyo ndivyo vilivyoijaribu permethrini kwenye vyandarua huko Muheza, Tanga, miaka ya 1980. Jo Lines, Joseph Myamba na Chris Curtis walichapisha matokeo mwaka 1987. Walichogundua kinaonekana kidogo lakini ndicho kilichobadilisha kila kitu: hata neti yenye matundu, ikipakwa permethrini, bado inamlinda aliyelala. Neti tupu ni ukuta. Ukuta ukitoboka, kwisha. Neti yenye dawa ni mtego, na chambo ni wewe mwenyewe.

Baada ya hapo ushahidi ulipandiana. Kilombero na Ulanga, kwenye mradi wa neti zenye dawa wa mwishoni mwa miaka ya 1990, uhai wa watoto wa chini ya miaka mitano waliolalia neti hizo uliongezeka kwa asilimia 27. Shida iliyobaki ilikuwa kuipaka dawa upya kila baada ya miezi, kazi ambayo familia nyingi ziliisahau. Na hapo ndipo Sumitomo, walewale Wajapani wa miaka ya maabara, walipotoa neti ambayo permethrini imechanganywa ndani ya uzi wenyewe wa plastiki, ikawa inatoka kidogo kidogo juu kwa miaka. Waliiita Olyset. Shirika la Afya Duniani liliipitisha mwaka 2001.

Mwaka 2003 teknolojia hiyo ikaja Arusha. A to Z Textile Mills, kampuni ya nguo iliyoanza hapa mwaka 1966, ikapewa leseni na Sumitomo kutengeneza Olyset. Baadaye zikajengwa karakana kubwa Kisongo, kwenye barabara ya Dodoma, na maelfu ya watu, wengi wao wasichana waliotoka vijijini, wakapata ajira ya kushona neti. Februari 2008, Rais George W. Bush wa Marekani alipokuja Arusha, alipelekwa kiwandani hapo na pia Hospitali ya Wilaya ya Meru. Wakati huo kulikuwa na Hati Punguzo, mpango ulioanza 2004 wa kumpa mama mjamzito kuponi ya neti. Wengi wenu mnaosoma hapa mna wadogo zenu waliolalia neti ya Hati Punguzo.

Watafiti walipiga hesabu wakaichapisha mwaka 2015: tangu mwaka 2000, kinga na tiba za malaria ziliepusha wagonjwa milioni 663 barani Afrika, na asilimia 68 ya hao ni kazi ya neti zenye dawa. Dawa za kwenye neti hizo, kwa kipindi chote hicho, zilikuwa za ukoo mmoja tu: permethrini, deltamethrini na ndugu zao.

Hapa ndipo mwandishi wa sifa angeweka nukta. Mimi siwezi, kwa sababu nilianza na pareto.

Permethrini ilipoingia sokoni, mnunuzi wa Ulaya hakuwa tena na sababu ya kusubiri mvua za Meru wala vidole vya bibi yangu. Kiwanda cha kukamulia pareto kiliwahi kuwepo hapahapa Arusha. Leo ukamuaji uko Mafinga, Iringa, karibu na wakulima waliobaki. Huku kwetu zao lilififia. Sitasema permethrini peke yake iliua pareto, maana si kweli. Malipo kuchelewa miezi na miezi kulikatisha watu tamaa kabla hawajawahi kusikia neno pairethroidi. Bibi anasema waling'oa wakapanda viazi kwa sababu viazi vinalika. Lakini mkulima aliyekuwa anadai malipo yake alikuwa anadai kwenye soko ambalo tayari lilikuwa limenyang'anywa nguvu na maabara, na hakuna mtu aliyekwenda kumweleza hivyo.

Huu ndio mzani unaonisumbua. Upande mmoja kuna ua lililosomesha watoto wa mlimani. Upande mwingine kuna watoto wa Muheza, Ulanga na Mto wa Mbu ambao hawakufa. Ukiniuliza nichague, nitachagua watoto bila kusita, na bibi yangu naye alisema hivyohivyo nilipomweleza. Yeye alizika mtoto kwa homa. Ila kuchagua hakufuti deni. Elimu ya pareto ilitoka kwenye ua, ua lilikuwa shambani kwetu, na faida ya molekuli iliyonakiliwa kutoka kwenye ua hilo haikupita shambani.

Na kuna jambo jingine ambalo Rothamsted wenyewe waliliona mapema. Mle ndani alikuwepo Roman Sawicki, mwanasayansi mwenye asili ya Poland, aliyekuwa anachunguza usugu wa nzi. Tatizo lilikuwa hili: DDT na pairethroidi zote zinagonga kijia kilekile cha sodiamu. Nzi aliyebadilika ili kuishi na DDT anaweza kuwa ameshajiandaa nusu kwa permethrini ambayo hajawahi kukutana nayo. Kwa maneno mengine, molekuli mpya ilizaliwa ikikuta adui ameshafanya mazoezi.

Mbu nao wakafuata. Afrika Magharibi ilionekana mapema, miaka ya 1990. Huku kwetu, mwaka 2010 watafiti walichapisha ushahidi wa mbu wa Lower Moshi, kwenye mashamba ya mpunga, waliokuwa wakiivunjavunja permethrini miilini mwao. Usugu huu haukutokana na neti peke yake. Pairethroidi hizohizo hunyunyiziwa mpunga, nyanya, vitunguu, na mbu anazaliwa kwenye maji ya shamba lilelile. Tunamfundisha mchana, halafu usiku tunashangaa amefaulu.

Jibu la kwanza lilikuwa la kurudi nyuma. Kuna kemikali iitwayo PBO ambayo tangu zamani ilichanganywa na pareto kuipa nguvu, kwa sababu inazima vile vimeng'enya vya mdudu vinavyovunja sumu. Ikawekwa kwenye neti pamoja na pairethroidi, ikajaribiwa Muleba, Kagera, na mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani likaikubali. Jibu la pili ni kuongeza dawa ya ukoo mwingine kabisa. Misungwi, Mwanza, neti zenye pairethroidi pamoja na klofenapiri zilionyesha kwamba baada ya miaka miwili watoto wenye vimelea walikuwa asilimia 25.6, wakati kwa wenye neti za kawaida walikuwa 45.8. Tazama ramani hiyo: Magugu, Muheza, Ulanga, Muleba, Misungwi. Dunia ikitaka kujua kama neti inafanya kazi, inakuja kuuliza Tanzania. Lakini molekuli yenyewe bado inatoka kwingine.

Hilo ndilo ninalolitoa kwenye maisha ya Elliott, zaidi ya sifa. Alilipwa mshahara wa umma kwa zaidi ya miaka 20 kabla permethrini haijatokea. Hakuna mfadhili aliyemwambia aonyeshe matokeo kwa robo mwaka. Alikuwa na mtu wa wadudu ng'ambo ya korido, maabara yenye umeme, na taasisi iliyoamini kwamba swali la mkulima linastahili maisha mazima ya mtu. Sisi tuna ua, tuna mbu, tuna kibanda alichobuni Smith, tuna kiwanda, tuna Ngaramtoni, na tangu 2011 tuna Taasisi ya Nelson Mandela pale Tengeru inayofundisha wanasayansi mpaka ngazi ya uzamivu. Vyote viko ndani ya mwendo wa saa moja kwa daladala. Ninachokitafuta na ambacho bado sijakiona kwenye bajeti yoyote ni ile miaka 20.

Kuna vijana pale Tengeru na Ngaramtoni wanaofanya kazi na mimea yetu wakitafuta kitu ambacho mbu hajakizoea. Nimezungumza na baadhi yao. Mmoja aliniambia mkataba wake una miezi 18, na kati ya hiyo, minne imekwenda kusubiri kemikali zilizokwama kwenye forodha. Alikuwa anacheka wakati ananiambia. Nilimuuliza kama anamjua Michael Elliott. Akasema hapana, kisha akaniuliza alifanya nini, na alipojua ni mtu wa permethrini akauliza swali la kitaalamu kabisa: alichukua muda gani?

Nikamwambia alianza 1948, na permethrini ikatangazwa 1973. Hakucheka tena.